Matanga ya Beki

Wanyamwezi tulionao Maryland ni wa kuhesabu, na Wazaramo ni wachache kuliko hao. Kwa hiyo Mihayo alipofariki mwezi uliopita, swali la kwanza lililonijia, machozi hata hayajakauka, lilikuwa: nani atamtania? Kwetu Mnyamwezi hazikwi hivi hivi kama mtu asiye na watani. Lazima awepo Mzaramo wa kumsema, kumwigiza, kuvaa nguo zake na kutembea kama yeye, mpaka wafiwa wacheke huku kamasi zinawatoka. Mimi ni Mzaramo, lakini Mihayo nilimpenda mno. Nilijua nikisimama pale nitalia tu, na mtani anayelia hamfai mtu. Nikampigia simu Mzaramo mwingine ninayemfahamu upande huu wa dunia. Yuko Kanada, kichwa chote ni mvi, magoti yote mawili amewekewa ya chuma, na jina lake ni Darren. Simu ikaita sana. Kila ninapompigia huwa nabana pumzi mpaka nimsikie akitamka jina langu, na safari hii pia nilibana. "Tatu," akasema. Nikashusha pumzi, ndipo nikampa habari za msiba.

Nataka kuueleza mwaka uliomfanya Mzungu yule awe Mzaramo. Ilikuwa mwishoni mwa miaka ya tisini, mimi nina miaka ishirini na kidogo, naishi Rockville kwa bibi mmoja niliyeajiriwa kumtunza baada ya kuvunjika nyonga. Kila mtu alimwita Miss Edna. Mimi nilimwita Bi Edna, akazoea, mwisho akawa anajiita hivyo hivyo kwenye simu. Nyumba yake ilikuwa ya matofali mekundu, hatua chache kutoka ile barabara kubwa ya maduka, na kilichoitawala ni jiko. Lilikuwa jiko la njano: kuta njano, sakafu njano, hata birika la chai lilikuwa la njano. Dirishani alipanda mmea mmoja wa mbaazi usiozaa, akaunyima ruhusa ya kufa. Sebule yake ilikuwa ya kutazamwa, si ya kukaliwa. Zulia jeupe, kabati la vitabu, na kiti kimoja cha kwake. Chini kabisa kulikuwa na chumba cha ardhini, na humo ndimo alimoishi Darren. Undugu wao ni mrefu kuueleza. Yeye alimwita shangazi, na shangazi alimfunga kamba za viatu vyake vya kwanza vya barafuni, basi yatosha.

Darren alicheza mpira wa magongo wa kwenye barafu, mchezo ambao mpaka nilipouona nilidhani ni uzushi. Watu wazima wanavaa viatu vyenye makali kama visu, wanakimbizana juu ya barafu na magongo mikononi, wanagombania kisahani cheusi kidogo kuliko sahani ya kikombe, na wakipishana vibaya wanabamizana ukutani na watu wanashangilia. Yeye alikuwa beki. Alikuwa amecheza tangu ujanani katika timu nyingi kiasi kwamba alichoka kununua masufuria ya kuyaacha nyuma, ndiyo maana alipoletwa kwenye timu ya huku hakutafuta jumba Virginia kama wenzake, akaja kulala chini ya jiko la shangazi yake. Sikuwahi kumwona akifunga bao, wala hakujali. "Kazi yangu," aliniambia, "ni yule mtu kurudi nyumbani bila bao, na kesho yake hakuna gazeti litakalosema ni kwa sababu yangu."

Kazi hiyo alinifundisha mezani, kwa vichupa vya chumvi na pilipili. Chumvi ndiye mshambuliaji anayekuja mbio, pilipili ndiye beki, na beki, aliniambia, hakimbilii mbele kama mwehu. Anarudi kinyumenyume, uso ukiwa kwa adui, mwendo wake ukilingana na wa huyo, mpaka adui aishiwe uwanja. "Na macho yako yawe wapi?" akaniuliza. Nikasema kwenye kisahani. Akacheka, akanigonga kidole kwa kijiko. "Kisahani kinadanganya. Miguu inadanganya. Mabega nayo yanadanganya. Angalia kifua, Tatu. Mtu hawezi kwenda mahali ambapo kifua chake hakiendi." Tangu hapo nimekuwa muuguzi, na wagonjwa wameniambia mara elfu kwamba hawaumwi popote, na mara zote nimewatazama kifuani. Mengi niliyolipwa katika nyumba ile nilishakula na kuyasahau, lakini hilo ninalo mpaka sasa.

Tulikula vizuri mwaka ule. Bi Edna alipenda supu ya viazi isiyo na kosa wala fadhila, na nyama ya kusaga iliyookwa kama mkate. Mimi siku zangu za kupika nilipika wali na maharage ya nazi, nazi ya kopo kutoka duka moja la Langley Park. Siku moja ya mechi Darren alirudi kutoka mazoezini, akayakuta maharage, akala sahani mbili, akalala mchana kama ilivyo desturi yao, jioni wakaenda kushinda. Basi nilikwisha. Kuanzia siku hiyo kila mechi lazima maharage ya nazi, lazima sahani ileile yenye ua la bluu, lazima mimi nimpakulie na si Bi Edna. Alivaa soksi ya kushoto kwanza, hakukanyaga kizingiti cha jiko, na alitaka nimwambie "kaza mwendo" kwa Kiswahili anapotoka mlangoni. Nikasema waganga wa kwetu wangemwonea huruma mtu huyu; wao angalau hudai kuku mmoja yakaisha.

Bi Edna alitazama mechi kwenye runinga sauti ikiwa imezimwa. Darren akikaribia ukuta na mtu mkubwa nyuma yake, mama wa watu alijifunika macho kwa mkono wenye pete na kuniuliza, "Amesimama?" Nami nilimjibu amesimama. Usiku mmoja wa majira ya baridi nilichelewa kumjibu. Darren alibamizwa, kichwa kikaugonga ukuta, akaanguka, akaamka, akaanguka tena. Alitoka uwanjani akiwa ameshikwa makwapa. "Amesimama?" akauliza Bi Edna. Nikasema, "Wamemsimamisha."

Asubuhi yake alikuja jikoni akiwa mkunjufu kuliko kawaida. Akaniuliza barua zimeshaletwa, nikamwambia bado. Akatia maziwa kwenye kahawa, akaenda kuweka dumu la maziwa ndani ya kabati la vikombe, akafunga mlango wa kabati kwa utaratibu. Akaniuliza barua zimeshaletwa. Bi Edna alikuwa amekaa palepale na kipande chake cha mkate, na wala hakugeuka. Mpwa wake aliposhuka chini, Bi Edna alinyoosha mkono akanionyesha kabati, nikatoa maziwa nikayarudisha kwenye friji, na hakuna aliyesema neno. Ndivyo nyumba ile ilivyokuwa. Watu walipendana kweli, lakini jambo zito lilipoingia kila mmoja alilipisha kama mgeni wa mwenzake. Kwa majuma kadhaa Darren alikaa chumbani kwake chini taa zimezimwa, kitambaa usoni, na mimi nikawa napeleka chai na kuikuta imepoa.

Kisha timu ikamwacha. Alikwenda asubuhi, akarudi kabla ya saa sita na begi lake la vifaa, lile begi jeusi refu ambalo Bi Edna hakuruhusu litoke gereji kuingia ndani kwa sababu ya harufu. Jamani, sijapata kunusa kitu kama kile. Jasho la miaka yote ya mtu limekaa mahali pamoja. Siku hiyo Darren alipita nalo mlango wa mbele, akalitupa katikati ya zulia jeupe, akashuka chini. Bi Edna akalitazama, akafungua dirisha kidogo, akarudi kwenye kiti chake. Nilitegemea wenzake watakuja. Hakuja mtu, wala simu haikulia, na nilipomuuliza Bi Edna akanieleza kwamba ndiyo desturi yao: mtu akiachwa wenzake wanampisha, wanaona haya, na pengine wanaogopa mkosi. Siku ya pili begi lipo. Siku ya tatu lipo. Tukawa tunalizunguka kwa kupita pembeni. Mimi nimekulia mahali ambapo maiti haikai sebuleni peke yake bila watu wa kuketi nayo, na kila nilipolipita begi lile mwili ulinisisimka.

Simu ilipolia hatimaye, ilikuwa ya wakala wake. Jiko la njano lilikuwa na tundu la hewa ya moto sakafuni, karibu na sinki, na yaliyosemwa chini yalipanda juu pamoja na joto. Tulikuwa tunamenya viazi. Kuna timu ndogo huko magharibi, mbali, imepungukiwa mabeki. Inamtaka amalizie msimu, na inataka jibu Jumatatu. Sauti ya Darren ikasema, "Waambie goti ni zima." Akaulizwa jingine. "Kichwa? Kichwa nacho ni kizima. Andika kichwa ni kizima." Bi Edna aliweka kisu mezani. Daktari alikuwa ameshamwambia Darren mbele yake kwamba akipigwa tena vile, huenda asirudi kuwa yule yule. Nikamwambia, "Bi Edna, mwambie asiende." Akanijibu, "Hiyo si kazi yangu, mpenzi. Yeye ni mtu mzima." Kisha akaanza kumenya kiazi ambacho kilikuwa kimeshamenywa.

Ndipo nikampigia Mihayo. Yeye alikuwa akiendesha basi dogo la hoteli moja ya Arlington, la kuchukua wageni uwanja wa ndege, na alikuwa mtani wangu tangu siku tuliyokutana dukani Langley Park, aliponipokonya kopo la nazi mkononi na kusema Mzaramo hawezi kuaminiwa na nazi hata ya kopo. Nyambura, rafiki yangu kutoka Murang'a aliyekuwa akitunza wazee kama mimi, alikuwa kwake wakati ule, wakafungua spika ya simu wote wasikie. Nikawaeleza yote, na maziwa, na begi, nikasema mtu huyu anahitaji kufanyiwa matanga.

"Ngoja kwanza, Tatu, wewe uko serious?" akasema Nyambura. "Ati matanga? Ya mtu yuko hai, anakula? Si angoje tu, ata-get job ingine."

"Hiyo job ingine ndiyo itakayomuua," nikasema.

"Dada Nyambura," akadakia Mihayo, "mtu amecheza mpira tangu meno ya utoto. Leo wamem-cut kama majani, na hajaja mtu hata mmoja kusema pole. Kama huo si msiba, basi msiba ni nini? Halafu huyo ni mtani wangu."

"Mtani wako vipi? Yule ni Mzungu."

"Anakaa nyumba moja na Mzaramo, anakula maharage ya Mzaramo, anafuata miiko kushinda bibi yangu. Huyo ni Mzaramo, hakuna cha nani wala nini. Jumamosi nina off. Tatu, usipike kitu. Nyumba ya msiba haipiki."

Jumamosi baada ya adhuhuri basi la hoteli likasimama mbele ya nyumba. Nyambura akashusha sufuria ya pilau na ya mchuzi, Mihayo akashusha mikeka miwili akaitandika juu ya zulia jeupe, kandokando ya begi, bila kumwomba mtu ruhusa. Nilikuwa nimemweleza Bi Edna kwamba watakuja jamaa zangu kumpa Darren pole, kwa namna ya kwetu. Nadhani alitegemea kadi. Alivitazama viatu vilivyopangwa mlangoni, akamtazama Nyambura aliyekwisha kuketi chini na kunyoosha miguu, kisha akaniomba nimsaidie kusogeza kiti chake kiwe karibu nasi.

Darren akapanda ngazi akiwa na fulana na soksi. Akaona mikeka, masufuria, watu wamekaa sakafuni kimya. "Nani amekufa?" akauliza.

"Wewe," akajibu Mihayo. "Karibu, kaa. Pole sana."

Akakaa. Nyambura akaomba, kidogo kwa Kiswahili na kidogo kwa Kiingereza, akamshukuru Mungu kwa miguu iliyosimama barafuni, mahali ambapo hata mbuzi hasimami. Ni kweli alisema hivyo. Kisha Mihayo akasafisha koo, akaifungua zipu ya begi. Harufu ikatoka, akajifanya kuzimia, akaamka, akaanza kuvaa. Akavaa glavu kubwa, akavaa jezi iliyomfika magotini, akavaa ile kofia ngumu ya kuchezea, akachukua ufagio wangu wa jikoni, na utani ukaanza.

Akarudi kinyumenyume sebuleni matako yamebinuka, akaligonga kabati la vitabu, akaanguka. Akainuka. "Niko sawa!" akasema. Akaanguka juu ya mkeka. "Niko sawa, niko sawa!" Alikataa kukanyaga kizingiti cha jiko, akadai maharage, akalipiga busu kopo la nazi la kufikirika. Nyambura alikuwa ameshalala chini kwa kicheko. Bi Edna alicheka mpaka akashika mbavu. Hata Darren alitikisa kichwa, tabasamu limemjia bila kutaka. Mihayo akaingia jikoni, akatoka na dumu la maziwa, akafungua kabati la vitabu, akaliweka dumu ndani, akafunga mlango kwa utaratibu. Kicheko kikakatika. Akamwendea Bi Edna, akapiga magoti mbele ya kiti chake na ile kofia kichwani, akamwuliza kwa upole, kwa Kiingereza chake cha Tabora: "Mama, samahani. Wanasema nakufahamu. Jina lako nani?"

Kwetu mtani ana ruhusa hiyo. Jambo ambalo ndugu hawezi kulisema, daktari amelisema likapita, yeye analiweka katikati ya watu na huwezi kumkasirikia. Lakini watu wale hawakulijua hilo. Nilifikiri nimeiharibu nyumba niliyoipenda. Bi Edna alimtazama Mihayo. Akanyoosha mikono yote miwili, akafungua kamba ya kofia chini ya kidevu chake, akaivua taratibu, akaipakata. Halafu akageuka kwa mpwa wake. "Darren," akasema, "usije ukanifanya nijitambulishe kwako."

Darren alikaa na mikono magotini. Baadaye akainuka, nikajua anakwenda zake chini, lakini alimwendea Mihayo akamnyang'anya ufagio. "Unarudi vibaya," akasema. "Ukibinuka hivyo utaanguka kila siku. Kunja magoti. Kifua juu." Akakunja magoti, akarudi kinyumenyume katika sebule ya shangazi yake, polepole, mwepesi ajabu kwa mtu mkubwa vile, uso wake kwetu sote. Goti lilimkatalia karibu na dirisha. Mihayo alimdaka. Wakabaki wameshikana hivyo, glavu kubwa zile mgongoni mwake, na Darren akaanza kulia kwa sauti, kilio cha mtu asiyezoea, na Nyambura akasema, "Lia, baba, lia, ndiyo kazi yetu ya leo." Bi Edna naye alilia, nami nikalia. Tulipomaliza tukanawa mikono, tukala pilau chini, sinia moja, na Bi Edna akaomba ashushwe kutoka kitini naye akae mkekani, nyonga yake na yote. Kumwinua tena ndiyo ilikuwa kazi.

Jioni wakati wa kuondoka, Mihayo akatangaza kwamba mtani hatoki msibani mikono mitupu. Akaichukua ile kofia mapajani mwa Bi Edna. Darren akamtazama. Tulikuwa sote tunajua bila kofia yake hakuna kwenda magharibi, ingawa za kununua zipo tele. "Ichukue," akasema Darren.

Jumatatu asubuhi nilikuwa jikoni na Bi Edna, sinki limejaa vyombo, na nilifunga bomba ili maji yasipige kelele. Sauti ikapanda kutoka chini. "Hapana. Siji. Hapana, goti si zima." Kisha akaongeza: "Wala kichwa. Andika hivyo." Bi Edna aliomba chai. Ikamwagika kwenye kitambaa cha njano, akaiacha.

Darren alibaki nasi mpaka majira ya joto, akipika supu ya viazi siku zangu za mapumziko, akinifundisha kuendesha gari na kunihimiza niombe nafasi ya masomo ya uuguzi, hata akanisikiliza nikikariri majina ya mifupa, ambayo mengi alikuwa ameshayavunja. Halafu akarudi kwao Kanada kufundisha watoto mabeki. Bi Edna aliishi miaka mingine mingi, akafa usingizini, na mpwa wake alikuwepo, na alimwita kwa jina mpaka mwisho. Mimi nimepata maisha mazuri katika nchi hii, na nikijiuliza yalianzia wapi, naliona jiko la njano.

Basi kwenye msiba wa Mihayo, Darren alikuja. Alishuka kwenye ndege na fimbo, akaingia ukumbi wa msiba Langley Park, akavua viatu, akakataa kiti. Mtoto wa kwanza wa Mihayo alikuwa ameileta ile kofia ngumu iliyokaa juu ya kabati lao miaka yote hiyo, kwa sababu baba yake aliagiza iwepo. Darren akaivaa. Juu yake akavaa kofia ya udereva ya Mihayo, akachukua sahani akaishika kama usukani, akaanza kurudi kinyumenyume katikati ya waombolezaji, magoti ya chuma yakilia, akipiga kelele kwa Kiswahili chake kibovu: "Arlington! Arlington! Kaze mwendo!" Akajibamiza ukutani. "Niko sawa!" akasema. Akaanguka, na mjane wa Mihayo, ambaye hakuwa amefungua kinywa kwa siku tatu, akapasuka kwa kicheko akajifunika uso kwa kanga.

Binti mdogo wa Mihayo akaniinamia, akaniuliza kwa Kiingereza chake cha huku, "Auntie, yule mzee Mzungu ni nani?"

"Mzungu yupi?" nikamjibu. "Yule ni Mzaramo. Ni mtani wa baba yako."